Kisa cha familia ya KE: kanuni isiyogeuka mazoea

Miaka ya 1980, katika kitengo maalum cha watoto wenye shida ya usemi huko magharibi mwa London, walikuwamo watoto kadhaa wa ukoo mmoja. Walipofuatiliwa nyumbani, ikaonekana mambo hayakuanza na wao. Bibi yao alikuwa na shida ileile. Katika watoto wake watano, wanne walikuwa nayo. Wajukuu waligawanyika karibu nusu kwa nusu, na yule mmoja aliyesalimika, watoto wake nao walisalimika. Mtu wa jenetiki akiona mti wa ukoo wa namna hiyo hahitaji kuuliza maswali mengi: nakala moja tu ya jeni iliyoharibika inatosha kuleta tatizo, na kila mtoto ana nafasi moja kati ya mbili ya kuirithi.

Ripoti ya kwanza ya madaktari ilitoka mwaka 1990. Tangu hapo ukoo huo unaitwa KE, na majina ya wenyewe hayatajwi. Hakuna ukoo mwingine uliochunguzwa kiasi hicho kwa ajili ya lugha. Umepimwa kwa kalamu na karatasi, kwa mashine za picha za ubongo, kwa damu. Umegombaniwa pia. Ugomvi wenyewe ndio unaonivutia, kwa sababu pande zote mbili zilikuwa zinaona kitu cha kweli na hakuna aliyekuwa na mahali pa kukiweka.

Walivyosema

Hawakuwa viziwi. Hawakuwa wamekosa kuzungumziwa. Ndugu zao waliokulia nyumba hiyohiyo, wakisikia maneno yaleyale, walizungumza kama watu wote. Lakini usemi wa wale walioathirika ulikuwa mgumu kueleweka, na utotoni walifundishwa ishara za mikono ziwasaidie kujieleza. Ukiwaomba wafanye miondoko ya mdomo na ulimi kwa kufuatanisha, kwa mfano fungua kinywa, toa ulimi, kaza midomo, walipotea njiani. Mwondoko mmoja mmoja waliuweza kwa kiasi. Kuufungamanisha na unaofuata ndiko kulikowashinda.

Kipimo kilichowatenga vizuri zaidi na ndugu zao kilikuwa rahisi kushangaza: kurudia neno lisilo na maana. Unalitamka, nao wanalirudia. Neno fupi lilipita. Neno refu lenye silabi ngumu lilivunjika vipande.

Halafu kulikuwa na sarufi. Mtu mzima aliweza kusema "the boys eat four cookie", wingi ukiwa umeanguka mwishoni ingawa "nne" imeshatajwa. Alama za wakati uliopita nazo ziliyumba. Haya hayakuwa makosa ya mtoto wa miaka miwili ambayo yangeisha yenyewe, maana waliyafanya hata watu wenye watoto wao.

Sarufi au kinywa?

Mwaka huohuo wa 1990, Myrna Gopnik, mwanaisimu wa Chuo Kikuu cha McGill, alichapisha barua katika jarida la Nature. Alisema watu hawa ni kama vipofu wa alama za sarufi: wanajua maneno, wanaelewa dunia, ila umoja na wingi, wakati uliopita na wakati uliopo, havijengeki ndani yao kama kanuni. Magazeti yakapata chakula. Ndani ya muda mfupi kukawa na "jeni la sarufi", kitu ambacho mpaka leo hakijaonekana.

Mtafiti wa ubongo Faraneh Vargha-Khadem na wenzake wa London hawakukubali. Mwaka 1995 walileta vipimo vya wanafamilia 13 walioathirika na 8 wasioathirika. Wastani wa alama za akili (IQ) ya maneno kwa walioathirika ulikuwa 75, kwa wengine 104. Hata kwenye vipimo visivyotumia maneno walikuwa chini, 86 kwa 104, japo baadhi yao walikuwa sawa kabisa na watu wengine. Uso na kinywa havikutii. Kusoma na kuandika kulikuwa na shida. Basi sarufi peke yake ilitoka wapi?

Walikuwa na hoja moja kali zaidi, na inahitaji maelezo kidogo. Kiingereza kina vitenzi vinavyofuata kanuni, kama "walk" kuwa "walked", na vinavyokaidi, kama "go" kuwa "went". Sisi tunavyo pia, tunapoamrisha. Soma, cheza, pika: kanuni moja, unaacha mzizi na irabu yake. Lakini kuja si "ja", ni njoo. Kuleta ni lete. Hizo hazikokotolewi, zinashikwa kichwani kama jina la mtu. Sasa, kama Gopnik angekuwa sahihi kwamba kilichokufa ni kanuni, walioathirika wangeanguka kwenye "walked" na kupona kwenye "went". Vargha-Khadem alikuta wanaanguka kote kuwili kwa kiwango kilekile. Ilionekana kesi imekwisha.

Mimi sidhani iliisha, na nitaeleza kwa nini. Lakini kwanza lazima tuiache London kidogo.

Nyota ndani ya kioo

Mwaka 1953, daktari William Scoville wa Hartford, Marekani, alimfanyia upasuaji kijana mwenye kifafa kikali na kumwondolea sehemu za ndani za ubongo pande zote mbili, pamoja na sehemu kubwa ya hipokampasi, kiungo cha kuhifadhi kumbukumbu. Kifafa kilipungua. Ila kijana huyo, aliyejulikana kwa herufi H.M. mpaka alipofariki mwaka 2008 na jina la Henry Molaison kutangazwa, hakuweza tena kuhifadhi jambo jipya. Ukitoka chumbani ukarudi, alikuamkia upya.

Mwanasaikolojia Brenda Milner alimpa kazi ya kuchora kwa kufuata mistari ya nyota huku akiutazama mkono wake kwenye kioo tu. Jaribu siku moja: mkono unakwenda kinyume na unavyotaka. H.M. alifanya kazi hiyo siku tatu. Kila siku hakukumbuka kwamba aliwahi kuifanya, na kila siku mkono wake ulikuwa bora kuliko jana.

Kuna kumbukumbu mbili, basi. Moja ni ya kusimulia: nani, wapi, lini, neno hili maana yake nini. Nyingine ni ya mazoea: mkono unaosuka ukili huku mdomo ukipiga soga, mguu unaojua breki ya baiskeli kabla ya kichwa. Ya kwanza inategemea hipokampasi na jirani zake. Ya pili inategemea mizunguko inayounganisha sehemu ya mbele ya ubongo na mafundo yaliyozama chini kabisa, ambayo wataalamu huyaita ganglia za chini. Ndani yake mna kaudeti na putameni. Kumbukumbu hii hujifunza polepole, kwa kurudia, na haina simulizi. Ikishashika, inakwenda yenyewe.

Lugha inaingia wapi hapa? Chukua neno ambalo halipo: kibuvu. Mwonyeshe mtoto wa miaka mitano aliyekulia Kiswahili mdoli wa ajabu, mwambie hiki ni kibuvu. Weka viwili. Atasema vibuvu. Mwulize vikoje, atasema vikubwa. Angusha kimoja, atasema kibuvu kimeanguka. Neno hajalisikia maishani, na hakuna aliyempa somo la ngeli. Mimi mwenyewe niliyesoma ngeli darasani nikiulizwa ghafla orodha yote nitababaika, ila kinywa changu hakibabaiki. Jean Berko alifanya jaribio la aina hiyo kwa watoto wa Kiingereza mwaka 1958, akiwachorea kiumbe aliyemwita "wug". Walioathirika katika familia ya KE, hata wakiwa watu wazima, walipewa maneno ya namna hiyo na wakashindwa.

Mtafiti wa ubongo na lugha, Michael Ullman, ndiye aliyevuta uzi huu mpaka mwisho. Mwaka 1997, yeye na wenzake walionyesha kwamba wagonjwa wa Parkinson, ugonjwa unaoharibu ganglia za chini, walipata shida zaidi na vitenzi vyenye kanuni, na wagonjwa wa Alzheimer, ambao kumbukumbu yao ya kusimulia imeharibika, walipata shida zaidi na vile vikaidi. Maneno yanakaa kwenye kumbukumbu ya kusimulia. Kanuni inakaa pamoja na ukili na baiskeli.

Turudi London

Sasa ile hoja kali. Ullman na Gopnik waliitazama upya familia ya KE katika utafiti uliotoka 1999. Walikubali kwamba walioathirika walianguka kwenye vitenzi vya kanuni na vikaidi vyote. Walichouliza ni hiki: vile vichache vya kanuni walivyopatia, walivipatiaje?

Jibu lilikuwa kwenye wingi wa matumizi. Mtu wa kawaida akitengeneza "walked", haijalishi sana kama kitenzi kinasikika kila siku au mara moja kwa mwaka, kwa sababu anakitengeneza papo hapo. Kwa walioathirika ilijalisha. Kitenzi kilichosikika sana walikipatia, kilichosikika mara chache kikawapotea. Hiyo ni alama ya kitu kilichokaririwa. Yaani "walked" kwao haikuwa "walk" pamoja na alama ya wakati. Ilikuwa neno zima, limeshikwa kama sisi tunavyoshika "njoo".

Na kulikuwa na alama ya pili, ambayo mimi naipenda zaidi. Watoto wanaojifunza Kiingereza hukosea kwa kuzidisha kanuni, wakasema "goed" badala ya "went". Hapa kwetu mtoto anaweza kusema kiboko kimelala badala ya kiboko amelala, kwa sababu ameona ki- na kanuni imemsukuma. Ni kosa linalotangaza kwamba kanuni ipo, tena inafanya kazi kupita kiasi. Walioathirika wa KE hawakufanya kosa hilo ila kwa nadra sana. Hawakuwa na kitu cha kuzidisha.

Ukiiona hivyo, matokeo ya Vargha-Khadem hayapingani na Gopnik kama ilivyodhaniwa. Kama kila kitu kimekaririwa, vitenzi vya kanuni na vikaidi lazima vianguke sawasawa. Kinywa nacho kinapata mahali pake: kufuatanisha miondoko ya ulimi ni mazoea, kurudia neno refu lisilo na maana ni kufuatanisha sauti, kuunganisha alama na mzizi ni kufuatanisha vipande. Wale walioona sarufi na wale walioona kinywa walikuwa wanatazama ncha mbili za kamba moja.

Picha za ubongo zilisukuma upande huohuo. Utafiti uliotoka 2002, ukiongozwa na Kate Watkins, ulikuta kaudeti za walioathirika ni ndogo kuliko za ndugu zao, kushoto na kulia. Mwaka 2003 Frédérique Liégeois na wenzake waliwaomba wataje vitenzi wakiwa ndani ya mashine, wakaona eneo la Broca, lile la usemi mbele ya ubongo, na putameni vikifanya kazi chini ya kiwango.

Katikati ya hayo, jeni lenyewe lilipatikana. Mwaka 1998 kundi la Oxford, akiwamo Simon Fisher na Anthony Monaco, lilikuwa limeshabaini kwamba tatizo liko kwenye mkono mrefu wa kromosomu ya 7. Kisha bahati ikawajia: mtoto mmoja asiye wa ukoo huo, mwenye shida inayofanana, alikuwa na kromosomu iliyokatika mahali palepale. Mwaka 2001 Cecilia Lai na wenzake wakalitaja: FOXP2. Katika familia ya KE herufi moja ya DNA imebadilika, na kwa sababu hiyo asidi amino moja katika protini, arginini, imegeuka histidini. Kazi ya protini hiyo ni kuamuru jeni nyingine ziwake au zizime, na inapatikana kwa wingi kwenye ganglia za chini. Panya wanayo. Ndege wanayo. Basi "jeni la sarufi" likafia hapo, maana panya hana sarufi.

Ila panya ana mazoea. Panya waliopewa kasoro ileile ya KE, katika utafiti wa 2008, walichelewa kujifunza kukimbia juu ya rodi inayozunguka kwa kasi inayoongezeka, na seli za ganglia zao za chini hazikubadilisha nguvu ya miunganiko yake kama inavyotakiwa mnyama anapojifunza. Mwaka mmoja kabla, watafiti wa Ujerumani walipunguza FoxP2 katika ganglia za chini za makinda ya finchi. Ndege hao hujifunza wimbo kwa kumwiga dume mkubwa. Waliojaribiwa waliuiga kwa kurukaruka, silabi zikikosekana na nyingine zikitoka mbovu.

Mwaka 2005 Ullman na Elizabeth Pierpont waliyaunganisha yote. Dai lao lilivuka ukoo wa KE: watoto wengi wenye ugumu wa lugha wa ukuaji, ule usiotokana na uziwi wala ajali wala ulemavu mwingine unaojulikana, wana hitilafu katika mfumo wa kumbukumbu ya mazoea. Ndiyo maana, walisema, watoto hao mara nyingi wana vidole vizito vya kufunga vifungo vya shati, na ndiyo maana msamiati wao husalimika kuliko sarufi yao.

Pale dai linapoyumba

Hapa inabidi kupunguza mwendo. Familia ya KE ni njia nzuri ya kuingilia nyumba hii, ila si nyumba yote. Watoto wenye ugumu wa lugha ni kama 7 katika kila 100, na walio wengi mno hawana kasoro ya FOXP2. Kutoka ukoo mmoja mpaka darasa zima ni mruko mkubwa.

Kwa darasa zima watafiti wanatumia mchezo huu. Kwenye kioo cha kompyuta kuna nafasi nne. Alama inatokea katika moja, mtoto anabonyeza kitufe chake, inatokea kwingine, anabonyeza tena. Haambiwi kwamba alama inafuata mpangilio unaojirudia. Vidole vinaanza kuujua mpangilio na kasi inapanda. Kisha mpangilio unavurugwa kimyakimya. Kasi ikishuka ghafla, vidole vilikuwa vimejifunza. Isiposhuka, havikujifunza kitu.

Mwaka 2014 Jarrad Lum na wenzake, Ullman akiwamo, walijumlisha tafiti 8 za mchezo huo. Watoto wenye ugumu wa lugha walijifunza mpangilio kidogo kuliko wenzao, tofauti ikiwa kama theluthi moja ya mkengeuko sanifu, yaani kipimo cha jinsi alama za watu zinavyotawanyika. Mwaka mmoja kabla walikuta hali inayofanana kwa wenye disleksia, yaani ugumu wa kusoma. Ni tofauti, lakini si ukuta. Watoto wengi wa makundi yote mawili wangekaa juu ya kiti kimoja na usiwatofautishe.

Halafu Gillian West na wenzake, mwaka 2018, walifanya kitu ambacho kilitakiwa kufanywa mapema: waliwapima watoto, wakawapima tena. Alama za mtoto leo hazikusema mengi kuhusu alama zake baadaye. Mizani inayompa mtu kilo 60 asubuhi na 75 jioni haifai kumhukumu yeyote. Kwa hiyo mtu akikuuzia kipimo cha kompyuta cha "kumbukumbu ya mazoea" kwa ajili ya mwanao mmoja, mwambie asubiri. Kwa kundi kubwa kinasema kitu, kwa mtoto mmoja kinabahatisha.

Ushahidi wa picha unanishawishi zaidi. Mwaka 2022 Saloni Krishnan na wenzake waliwachunguza watoto na vijana na kukuta kaudeti za wenye ugumu wa lugha zina upungufu wa mailini, ule utando unaofunika nyuzi za neva. Mwaka 2024 Ullman na wenzake walipitia tafiti za picha kwa jumla, na sehemu ya mbele ya ganglia za chini ndiyo iliyotokea kuwa na kasoro kwa uthabiti kuliko sehemu nyingine yoyote. Watu hawa hawakuwa KE. Lakini kidole kimeelekea fundo lilelile.

Mezani kwa mwalimu

Kama dai hili ni sahihi hata nusu, mtoto huyu bado ana kumbukumbu ya kusimulia, nayo mara nyingi ni nzima. Watu wa KE walikuwa wakiitumia bila kuambiwa, walipokariri "walked" kama neno zima. Hilo linabadilisha namna ya kufundisha. Kumwambia "sikiliza tu, utazoea" ni kumtuma kwenye mlango uliofungwa. Afadhali kanuni isemwe wazi, ichorwe, ipakwe rangi: ki- zote kijani, vi- zote nyekundu, kwenye nomino, kivumishi na kitenzi, ili macho yaone kinachokatazwa kuingia masikioni. Sentensi nzima zinazotumika sana zikaririwe kama zilivyo. Marudio yawe mengi na yagawanywe siku nyingi.

Lina hatari yake, na nimeiona darasani. Mtoto anayekariri vizuri anakuficha. "Kitabu kizuri", "kiti kikubwa", vyote sahihi, nawe unaweka alama ya vyema na kusonga mbele. Siku unamletea neno jipya na anasimama kimya, au anakupa "kitu mzuri", ndipo unajua kwamba kilichokuwa kinakujibu muda wote ni ghala, wala si kiwanda.

Kwa hiyo siku hizi nina vibuvu vyangu, na vidopo, na visanje, maneno ya uongo mtupu niliyoyaandika nyuma ya daftari. Huchukua dakika tano kwa mtoto. Simpi alama, kwa sababu nimeshasema mizani ya aina hii inabahatisha. Nasikiliza tu. Na mtoto akiniambia kiboko kimelala, namsahihisha kama inavyonipasa, kisha nalivuta jina lake kutoka kwenye orodha ya wale ninaowahofia.